UZI: Kukodi kinu cha kukoboa mpunga – mkataba wa nani, leseni ya nani, na kesi zinaanzia wapi

KaraniWaMizani (mleta uzi)

Wakuu, salaam kwenu.

Kinu cha mpunga kinapokodishwa, watu huandika karatasi moja na kudhani wamemaliza. Kumbe ndani ya kinu mna haki mbili zisizofanana. Ya kwanza ni mali: jengo, mota, rola, chekeche, mizani, ghala na uwanja wa kuanikia. Ya pili ni idhini ya serikali: ruhusa ya kukoboa mahali pale, kwa mashine zile, kwa jina la mtu yule. Mali hupangishwa kwa saini ya mwenyewe. Idhini huombwa upya, au huhamishwa na ofisi iliyoitoa. Mwenye kinu anayekabidhi funguo pamoja na leseni iliyotundikwa ukutani amekabidhi funguo tu.

Mifano nitaichukua India. Wenzetu wa huko walitunga sheria nzima ya vinu vya mpunga peke yake mwaka 1958, na hukumu za Mahakama yao ya Juu kuhusu vinu ni nyingi na zinasomeka. Isitoshe, sheria yao ya uhamishaji mali ya 1882 ndiyo hiyo hiyo iliyotumika Kenya hadi ilipofutwa mwaka 2012, kwa hiyo lugha yake si ngeni kwa mawakili wa Afrika Mashariki.

Sheria ya 1958 ilitenganisha karatasi mbili. Kifungu cha 5 kilihusu kibali cha kuanzisha kinu kipya au kufufua kilichokufa. Kifungu cha 6 kilihusu leseni ya kuendesha. Mtu angeweza kuwa na kibali, akajenga, akafunga mashine, na bado asiruhusiwe kukoboa hata gunia moja. Kabla ya kutoa kibali, serikali ilipaswa kutazama idadi ya vinu vilivyopo eneo hilo, mpunga unaopatikana, umeme na maji, aina ya mashine, na kama kinu kitawanyima watu kazi. Hilo la mwisho liliwekwa kwa ajili ya waliokuwa wakiishi kwa kutwanga mpunga kwa mikono.

Sheria hiyo ilifutwa 1997. Mgawanyo wake wa karatasi mbili bado upo kwingine: chini ya sheria zao za maji (1974) na hewa (1981), kinu kinahitaji ridhaa ya kuanzishwa na baadaye ridhaa ya kuendeshwa. Ongeza leseni ya chakula, cheti cha boila kwa wanaochemsha mpunga, mkataba wa umeme, na leseni ya biashara ya serikali ya mtaa. Kila karatasi ina jina, na mkataba wa upangishaji haubadilishi jina hata moja.

Wenye ujuzi wa sheria na wa mashine, karibuni mwongeze.

---

Pumba_Safi

Asante mkuu. Swali la haraka: mpangaji akikoboa kwa leseni yenye jina la mwenye kinu, na mkaguzi akaingia, anayeshtakiwa ni nani?

---

WakiliShambani

@Pumba_Safi, wote wawili wanaweza kuguswa, kila mmoja kwa mlango wake.

Mpangaji anaguswa kwa sababu ndiye anayeendesha bila leseni yake. Sheria ya viwanda ya India ya 1948 ilimtafsiri msimamizi wa kiwanda kuwa ni yule mwenye mamlaka ya mwisho juu ya mambo ya kiwanda. Haikuuliza nani anamiliki ukuta. Anayeajiri, anayepanga zamu na anayelipa umeme ndiye atakayeulizwa kwa nini mkanda haukuwa na kinga siku mtu alipokatwa vidole.

Mwenye kinu anaguswa kwa sababu ameruhusu leseni yake itumike na mtu mwingine, na leseni nyingi zina sharti linalokataza hilo waziwazi. Adhabu ya kawaida ni kusimamishwa au kufutwa leseni. Hapo mwenye kinu anapoteza kitu kikubwa kuliko kodi ya msimu mzima, maana leseni ikifutwa, kinu kinabaki banda lenye vyuma.

Wapo wanaokwepa kwa kuandika kwamba mpangaji ni "meneja" wa mwenye kinu. Mahakama haiangalii jina, inaangalia mfuko. Kama huyo meneja analipa kiasi kilekile kila mwezi, faida na hasara ni zake, na mwenye kinu haonekani hata siku ya kufunga hesabu, huyo ni mpangaji aliyevalishwa kofia ya meneja. Msimamo wa kutazama kiini badala ya kichwa cha habari uliwekwa katika kesi ya Associated Hotels of India dhidi ya R. N. Kapoor ya 1959. Kichwa cha karatasi hakiamui. Kinachoamua ni kama mtu amepewa haki juu ya mali yenyewe au ruhusa tu ya kuitumia.

---

Mchele_Daraja_La_Kwanza

Naomba kuongezea hapo kwa Wakili, kwa sababu watu huchanganya mambo matatu.

La kwanza ni kupanga jengo ambalo kwa bahati lina mashine. La pili ni kupanga kinu kizima kama biashara, jengo likiwa limekuja na mashine. La tatu ni ruhusa ya kutumia tu, mfano kukoboa kwa mashine ya mwenzio usiku kwa malipo ya gunia.

Tofauti ya la kwanza na la pili iliamuliwa katika Uttamchand dhidi ya S. M. Lalwani, iliyomo katika ripoti za 1965. Mali iliyobishaniwa ilikuwa kinu cha kupaaza dengu. Mpangaji alitaka kinga ya sheria ya kodi za nyumba, ile inayomzuia mwenye nyumba asimwondoe mpangaji ovyo. Mahakama ikauliza: nia kuu ya wawili hawa ilikuwa nini? Walikuwa wanapangishana nyumba, au kinu? Ikaona kinu ndicho kilichokuwa kiini, na jengo lilikuwa ganda lake. Mpangaji akakosa kinga ile.

Kwa hiyo sentensi ya kwanza ya mkataba, ile inayotaja kinachopangishwa, ina uzito kuliko kurasa kumi zinazofuata. Ukiandika "ghala namba fulani pamoja na vifaa vilivyomo" umeelekea upande mmoja. Ukiandika "kinu cha mpunga kinachofanya kazi, chenye uwezo wa tani kadhaa kwa saa, pamoja na jengo lake" umeelekea upande mwingine.

---

MzeeWaGhala

Nyote mmesema vizuri, ila mmeruka jambo la notisi, na hapo ndipo wapangaji wanapojidanganya. Sheria ya uhamishaji mali ya 1882, kifungu cha 106, inasema upangishaji wa shughuli za kilimo au za kuzalisha bidhaa huhesabiwa wa mwaka hadi mwaka, na kuuvunja kunahitaji notisi ya miezi 6. Mwingine wowote ni wa mwezi hadi mwezi, notisi siku 15.

Je, kusaga au kukoboa ni kuzalisha bidhaa? Katika Idandas dhidi ya Anant Ramchandra Phadke, iliyomo katika ripoti za 1982, Mahakama ya Juu ilisema kinu cha kusaga ngano kuwa unga ni uzalishaji, kwa sababu kinachotoka si kile kilichoingia. Kwa mpunga wenyewe, kesi ya kodi ya mauzo ya Ganesh Trading Co. dhidi ya jimbo la Haryana (1973) ilishasema mpunga na mchele ni bidhaa mbili tofauti. Kwa hiyo mpangaji wa kinu ana miezi 6.

---

WakiliShambani

Mzee wangu, shikamoo. Nakubaliana na sehemu ya kwanza, lakini kuna mtego mbele yake.

Kifungu cha 107 kinataka upangishaji wa mwaka hadi mwaka, au wa muda unaozidi mwaka mmoja, uwe kwa hati iliyosajiliwa. Katika Samir Mukherjee dhidi ya Davinder K. Bajaj (2001) mahakama ilisoma vifungu hivyo viwili kwa pamoja: bila hati iliyosajiliwa, mpangaji hawezi kujenga upangishaji wa mwaka hadi mwaka kwa kutaja tu kwamba anazalisha bidhaa. Anarudi kwenye mwezi hadi mwezi. Miezi 6 inageuka siku 15.

Fikiria maana yake. Mtu ameandika mkataba wa miaka 3 kwenye karatasi ya kawaida, mashahidi wawili, saini, picha. Ameweka mashine mpya ya kung'arisha. Akaambiwa aondoke ndani ya siku 15 katikati ya mavuno. Mahakamani, karatasi yake ya miaka 3 haipokelewi kuthibitisha ile miaka 3. Inaweza kupokelewa kwa jambo la pembeni tu, kama kuonyesha kwamba aliingia kwa ridhaa na si kwa uvamizi.

Ndiyo asili ya ile mikataba ya miezi 11 inayozagaa kule: watu wanakimbia ada ya usajili. Kwa duka la nguo labda inafaa. Kwa kinu ni hatari kwa mpangaji, kwa sababu gharama ya kuweka mashine hairudi ndani ya msimu mmoja. Ada ya usajili ni ndogo kuliko seti moja ya kuchambua mchele kwa rangi. Isajili.

---

MzeeWaGhala

Marahaba. Hiyo ya 2001 nimeipokea, na sehemu yangu ya mwisho isomeke hivyo: miezi 6 ni kwa mwenye hati iliyosajiliwa.

---

FundiRola

Mimi nije na upande wa chuma, maana kesi nyingi za kodi mwisho wake ni ubishi wa hali ya mashine. "Mpangaji atarudisha kinu katika hali njema isipokuwa uchakavu wa kawaida." Sentensi hii iko katika kila mkataba na haina faida kama hamkuandika hali ya kwanza.

Makabidhiano yafanywe kinu kikiwa kinazunguka. Kilichozimwa hakisemi kitu.

Anzeni na sahani za mota: piga picha ya kila moja, namba, nguvu na volti zionekane. Soma mita ya umeme, andika tarakimu, wote wawili msaini. Kisha rola. Pima kipenyo cha kila rola kwa kalipa sehemu tatu, kushoto, katikati na kulia. Rola mbili za mashine moja hazizunguki kwa kasi sawa. Moja huenda haraka kuliko mwenzake kwa takriban robo, na tofauti hiyo ya kasi ndiyo inayovua ganda. Ya haraka huliwa kwanza, ndiyo maana fundi huzibadilisha nafasi zilike pamoja. Ukikuta rola imeliwa katikati kuliko pembeni, mpunga haukuwa unamwagika sawa kutoka kwenye kiingizio. Andika "rola mbili, nzima" na umeandika hewa.

Halafu jaribio. Pima kilo 100 za mpunga uliopepetwa, unyevu asilimia 14 kwa kipima unyevu, na uandike aina ya mpunga. Koboa yote hadi mwisho. Pima kila kinachotoka. Kwa kinu kizuri cha rola maganda huwa karibu kilo 20, pumba 8 hadi 12, na mchele hukaribia 68 hadi 70. Mashine ya chuma ya Engelberg, ile inayomenya na kung'arisha kwa pigo moja, huishia 53 hadi 55, na nusu ya mchele au zaidi ni chenga. Mashine ikitoa 62 siku ya kukabidhiwa, andika 62, usione haya. Baada ya hapo chota gramu 100 za mchele, tenga nzima na chenga kwa mkono, pima kila fungu.

Bila unyevu kuandikwa, jaribio halina thamani. Mpunga mbichi husagika na kuziba chekeche, uliokaushwa kwa jua kali hupasuka ndani kabla haujafika kwenye mashine. Wakili wa upande wa pili atauliza swali hilo kwanza.

Kuhusu nani alipe nini: rola, chekeche na mikanda ni vitu vya kuliwa, mpangaji. Paa, msingi wa zege, shafti kuu na mota ni vya mwenye kinu. Beringi ndiyo vita. Beringi hufa kwa njia zaidi ya moja na kila njia ina mdaiwa wake. Ikikosa grisi, hugeuka rangi ya bluu au kahawia kwa joto: hilo ni la mpangaji. Ikiwa shafti imepinda au msingi umezama, njia ya mipira yake huliwa upande mmoja tu: hilo ni la mwenye kinu. Kwa hiyo msitupe beringi iliyokufa. Ioshe kwa dizeli, ipige picha, ifunge kwenye mfuko na tarehe.

Mota nayo inasema. Fezi moja ikikatika, baadhi ya koili huungua na nyingine hubaki safi. Mzigo ukizidi, zote huungua sawasawa. Fungua mfuniko mbele ya pande zote mbili kabla ya kuipeleka kusukwa upya, kwa sababu ikishasukwa ushahidi umekwenda. Na mkataba useme nani anafunga kinga ya fezi. Kifaa hicho ni kidogo kuliko kiganja, na kukosekana kwake kumeua mota nyingi.

---

Pumba_Safi

Fundi ubarikiwe. Je, mpangaji akifunga mashine yake mwenyewe, ni yake au inabaki?

---

WakiliShambani

Kifungu cha 108(h) cha ile sheria ya 1882 kinamruhusu mpangaji kuondoa alivyofunga ardhini maadamu bado yumo ndani, mradi aiache mali katika hali aliyoipokea. Neno "maadamu yumo ndani" ndilo la kushika. Akishatoka na kuacha mashine, anaomba; hadai tena. Na kama kuing'oa kutabomoa zege la mwenyewe, alipe zege. Ila kifungu hicho hukaa kimya pale mkataba unaposema tofauti, na mikataba mingi ya wenye vinu husema "kila kitakachofungwa kitakuwa mali ya mwenye kinu". Soma kabla ya kununua boliti.

---

KaraniWaMizani

Sasa tuje kwenye lile gumu: muda wa mkataba umekwisha, mpangaji hajatoka, leseni inataka kuhuishwa.

Hukumu mbili zisomwe pamoja. Ya kwanza ni M. C. Chockalingam dhidi ya V. Manickavasagam, ya mwaka 1973. Ilihusu jumba la sinema, lakini hoja yake inamgusa na mwenye kinu: kanuni ilitaka mwombaji wa leseni aonyeshe kwamba anashikilia mahali kihalali. Upangishaji ulikuwa umekwisha, mpangaji yumo. Mahakama ikasema sheria inamlinda asitolewe kwa nguvu, lakini ulinzi huo haugeuzi ukaaji wake kuwa wa halali kwa ajili ya leseni. Leseni hakupata.

Ya pili ni Krishna Ram Mahale dhidi ya Shobha Venkat Rao ya 1989, kuhusu mtu aliyepewa kuendesha mgahawa. Huyu alitolewa bila amri ya mahakama, na mahakama ikasema mtu aliyekwisha kutulia mahali hatolewi ila kwa njia ya sheria, hata kama muda wake umekwisha.

Ziweke pamoja uone hali ilivyo: mwenye kinu hawezi kufunga kufuli, mpangaji hawezi kuhuisha leseni. Kinu kinasimama, mpunga unaiva mashambani, na wote wawili wanapoteza kila siku inayopita. Hii ndiyo sababu ya kukubaliana mapema, kabla ya kuchukiana.

---

Binti_Hesabu

Kuna wanaofunga kufuli kweli. Na ndani mna mpunga wa wakulima uliokuja kukobolewa. Nani anamjibu mkulima?

---

WakiliShambani

Dada, hilo ni swali zuri kuliko yote humu.

Mpunga wa mkulima ulioletwa kukobolewa ni amana. Chini ya sheria ya mikataba ya India ya 1872, kifungu cha 170, mkoboaji ana haki ya kuuzuia mchele alioukoboa hadi alipwe ujira wa kazi aliyoufanyia mchele ule. Haki hiyo ni ya aliyeufanyia kazi, kwa ujira wa kazi hiyo tu. Mwenye kinu hana haki ya kuzuia magunia ya mkulima ili alipwe kodi anayodaiwa mpangaji. Mkulima hakupanga kwake.

Kwa hiyo anayefunga kufuli amejifungulia kesi tatu kwa mkupuo. Mpangaji anaweza kurudishiwa ukaaji wake kwa kifungu cha 6 cha sheria ya nafuu mahususi ya 1963, ambapo haulizwi hati ya umiliki, anaulizwa tu kama alitolewa bila ridhaa wala utaratibu wa sheria. Lakini afungue ndani ya miezi 6. Wakulima wanadai magunia yao. Na mwajiriwa wa kinu anadai mshahara.

Ili mkulima alindwe, daftari la mizani ndilo kila kitu: tarehe, jina, uzito ulioingia, unyevu, idadi ya magunia, na alama iliyoandikwa kwenye gunia lenyewe. Mwenye kinu anayetaka kweli kumaliza jambo aombe zuio la muda mahakamani pamoja na amri ya kuhesabu mali iliyomo. Kwa zuio, mahakama za kule na za kwetu zinatazama mambo yaleyale matatu: kama kuna hoja ya msingi, kama madhara hayatafidika kwa fedha, na nani ataumia zaidi. Kwa upande wetu, kesi za Atilio dhidi ya Mbowe (Tanzania, 1969) na Giella dhidi ya Cassman Brown (Kenya, 1973) zinajulikana kwa hilo.

---

Mchele_Daraja_La_Kwanza

Upande wa pingamizi za majirani wa biashara. Mwenye kinu cha pili hukimbilia mahakamani kusema leseni ya mwenzake ni batili. Nagar Rice & Flour Mills dhidi ya N. Teekappa Gowda & Bros., 1970, ilikata mzizi wa tabia hiyo. Kinu kimoja kilihamishwa mahali na mshindani akapinga ruhusa ya kuhama. Mahakama ikasema hata kama taratibu hazikufuatwa sawasawa, hilo ni la mamlaka kushughulikia. Mshindani hana haki ya kisheria ya kutokuwa na mshindani.

Jirani wa nyumba ni mwingine kabisa. Vumbi la maganda, kelele za usiku, maji ya kulowekea mpunga yanayotiririka mtaroni, hayo ni madhara yake mwenyewe na mahakama itamsikiliza. Hapo mpangaji aliyerithi kinu kisicho na chumba cha kunasa vumbi anabeba lawama ya ujenzi wa mtu mwingine. Mkataba uonyeshe nani anajenga na kwa muda gani.

---

FundiRola

Na hapo hapo: msibadilishe mota kimyakimya. Leseni na mkataba wa umeme vinataja nguvu iliyoruhusiwa. Mpangaji anaondoa mota ya farasi 20 anaweka ya 40, kodi ni ileile, mchele unatoka mara mbili. Miezi michache baadaye bili ya adhabu ya kuzidisha mzigo inakuja kwa jina la mwenye kinu.

---

Binti_Hesabu

Deni la umeme ndilo linalobaki mpangaji akiondoka. Kule India jambo hili lilizunguka muda mrefu. Katika Isha Marbles (1995) mnunuzi wa mnada hakulazimishwa kulipa deni la mtumiaji wa zamani. Lakini K. C. Ninan dhidi ya bodi ya umeme ya Kerala, Mei 2023, imesema pale ambapo kanuni za umeme zinaruhusu, deni la jengo linaweza kuwekwa kama sharti la kumuunganishia umeme anayeingia. Kwa hiyo mpangaji mpya aombe taarifa ya deni kutoka kampuni ya umeme kabla ya kusaini, na mwenye kinu ashike amana isiyopungua bili ya miezi miwili ya msimu. Bili za kiangazi zitamdanganya, kinu kinakuwa kimelala.

Jambo jingine ni benki. Kama kinu kimewekwa rehani, kifungu cha 65A cha ile sheria ya 1882 kinamruhusu mweka rehani kupangisha, lakini kwa jengo muda usizidi miaka 3, kodi iwe ya haki na isilipwe mapema, na hati ya rehani inaweza kumnyima hata haki hiyo. Mpangaji aliyelipa kodi ya miaka 2 mkononi kwa kinu kilicho rehani anasimama pabaya siku benki inapokuja. Ombeni barua ya ridhaa ya benki, na kodi ilipwe kwa vipindi.

---

Pumba_Safi

Wakuu, mwisho kwangu. Leseni kwa jina la mpangaji inaweza kuchukua wiki kadhaa, na mwenye kinu anataka kodi tangu siku ya saini. Tufanyeje?

---

WakiliShambani

Tenganisha tarehe tatu ndani ya mkataba: ya kusaini, ya kukabidhi na ya kuanza kodi. Maneno kama haya yanatosha:

"Kodi itaanza kuhesabiwa siku ambayo leseni ya kuendesha kinu itatolewa kwa jina la mpangaji. Mpangaji atapeleka maombi kamili ndani ya siku 7 tangu kusaini, na mwenye kinu atasaini fomu zote zinazohitaji ridhaa yake ndani ya siku 3 tangu aombwe. Leseni isipotolewa ndani ya siku 60 bila kosa la mpangaji, upande wowote unaweza kuvunja mkataba na amana irudishwe yote. Mpangaji akichelewesha maombi, kodi itaanza siku ya 15 tangu kusaini."

Ongeza na kifungu cha kutokea: miezi 3 kabla ya mwisho wa muda, pande zote ziandikiane kama mkataba unaendelea. Kama hauendelei, mpangaji aache kupokea mpunga wa wakulima siku 30 kabla ya kutoka, arudishe leseni ofisini kwa barua ya kusitisha ili mwingine aweze kuomba, na mwenye kinu asirudishe amana hadi aone nakala ya barua hiyo yenye mhuri wa kupokelewa.

---

FundiRola

Na siku ya kutoka, jaribio la kilo 100 lirudiwe, aina ileile ya mpunga na unyevu uleule wa 14. Kama rola za mwanzo zilikuwa zimeliwa nusu, zirudishwe zimeliwa nusu au bora zaidi, msidaiane mpya. Pumba iliyobaki chini ya mashine siku hiyo ni ya mpangaji, aifagie aondoke nayo. Inavutia fukusi na panya upesi sana.

---

KaraniWaMizani (mleta uzi)

Nimepokea yote. Mwenye fomu ya makabidhiano iliyokwisha kupangwa kwa safu za vipenyo vya rola, namba za mota na matokeo ya jaribio aiweke hapa, tuipitie kipengele kwa kipengele kabla msimu haujaanza.